Akala za Halima

Siku hiyo, mwanangu, naikumbuka kwa nyayo zangu. Ilikuwa miaka ya tisini, msimu wa mvua kubwa, na mimi na dada yangu Halima tulikuwa juu ya lori kutoka Garissa kwenda Balambala. Mama alikuwa mgonjwa. Ujumbe uliotufikia ulikuwa mfupi: njooni upesi, anawataja.

Mchana lori likazama kwenye matope. Wanaume tukashuka kusukuma. Halikutoka, na akala yangu moja ikakatika mikanda, ikamezwa na tope. Dereva akasema tungekaa pale labda siku mbili. Nyumbani kulibaki mwendo wa nusu siku. Halima alikuwa na mtoto mchanga, hangeweza kutembea. Akavua akala zake akaninyooshea.

Hizo akala na zangu alizikata fundi mmoja sokoni, kwenye tairi moja, kwa kipimo kimoja, maana Halima ana mguu mkubwa kama wangu. Fundi hakuwa na za kiume wala za kike. Ila Halima alikuwa amezishonea zake shanga nyekundu kwenye mikanda, na mimi niliona shanga tu.

Utingo akacheka. "Warya, wewe bwana, vaa. Leo Balambala watapokea bibi harusi."

"Weka, abaayo," nikamwambia dada yangu. "Mimi ni mwanamume."

"Hooyo ni mgonjwa, hatatazama miguu yako," akasema, bila kupandisha sauti.

Nikaenda pekupeku. Kabla ya alasiri mwiba ukaniingia kisigino, ukavunjikia ndani. Mama mmoja mchunga mbuzi akanichokoa kwa sindano, na kwa kuwa mguu ulikuwa umevimba, nikalala kwao. Aliniuliza kwa nini mtu mzima anatembea bila viatu penye miiba. Nikatazama miguu yake: alivaa akala kama zile nilizokataa.

Nilifika kesho yake adhuhuri, nachechemea. Mama alikuwa amezikwa asubuhi. Jirani aliyemwosha akaniambia kwamba jioni iliyopita Mama aliuliza mara mbili kama hatua zilizosikika nje ni zangu.

Halima alifika siku ya tatu. Hakunilaumu, na nadhani hilo ndilo lililonifukuza nyumbani. Nimekaa Hulugho, Isiolo, Mandera, kila mahali miezi michache. Nikipita sokoni naona akala katika rundo moja, mume na mke wakipima pamoja, nami naondoka haraka.

Mwanangu, kitu kikikufaa, kitumie. Usiulize kilivaliwa na mwanamume au mwanamke, wala usimpe mtu wa kucheka nafasi ya kukuchelewesha. Utingo yule hata jina lake sikulijua.

Mungu akupe njia kavu, akufikishe kwa watu wako wakiwa bado wanazisikia hatua zako.