Majibu Manne ya Cécilia

Siku ya nne kutoka Kabambare, mguu mmoja umevimba na kanzu imegeuka rangi ya njia, nilifika mahali ambapo hakuna aliyewahi kunitajia. Gogo lilikuwa limelazwa katikati ya barabara ya Kasongo, na kando yake ua mrefu wa matete. Muuguzi aitwaye Dominique alinishika shingo kwa vidole viwili, akabonyeza.

"Iko tezi hapa. Utangoja."

"Ningoje nini?"

"Bwana wa hadubini arudi kutoka Kasongo. Kama damu yako iko safi, utapewa karatasi, utapita. Kama hapana, utakuwa mwenyeji wetu." Alionyesha ua kwa kidevu. "Chakula ni kibaya, nakuambia mapema."

Ilikuwa kambi ya malale, ugonjwa wa usingizi, mwaka wa 1932, wakati Wabelgiji walipokuwa wakibonyeza shingo za watu wote wa Maniema. Hapo ndipo nilipomkuta Cécilia.

Alikuwa mke wa mkulima wa kijiji cha Wamaza, umri wake miaka thelathini hivi, wala hakuwa mgonjwa. Alilala nje ya ua, katika kibanda cha majani alichojijengea mwenyewe. Watoto watatu, Raphaël na wadogo zake, alikuwa amewaacha kwa mama yake, na shamba la mpunga halikuwa na mtu wa kufukuza ndege. Mumewe, Zéphirin, alikuwa ndani mwezi wa saba sasa, akisinzia mchana na tonge mkononi. Zamani, Cécilia aliniambia, alikuwa mtu wa mzaha. Hata matangani ilibidi wamzibe mdomo.

"Sasa namwambia kitu cha kuchekesha, ananiangalia kama vile naongea na mtu aliye nyuma yake."

Kila baada ya miezi miwili, Mbelgiji aliyesimamia kambi, ambaye watu walimwita Bwana Sindano, aliwapima akili wagonjwa waliomaliza miezi sita ya sindano. Aliyefaulu alirudishwa kwao. Aliyeshindwa alipelekwa nyumba ya mwisho, ng'ambo ya kijito, ambako wake hawakuruhusiwa kufika, na sikusikia habari za mtu aliyerudi kutoka huko. Mgonjwa alitembea juu ya kamba iliyolazwa chini, kisha akaulizwa maswali manne. Dominique aliyatafsiri kwa Kiswahili, siku zote yale yale, kwa mpangilio ule ule. Cécilia aliyasikiliza kupitia matete hadi akayashika, akaanza kumfundisha mumewe kila asubuhi kwenye tundu la ua, kama katekista.

"Jina yako nani?"

"Zéphirin."

"Mugini wako?"

"Wamaza."

"Uyu mwanamuke iko nani?"

"Iko bibi yangu, mama ya Raphaël."

"Vizuri, Baba Raphaël. Vidole ngapi?"

"Tatu."

"Ngoja nionyeshe kwanza!"

Alicheka peke yake. Nilimwuliza, "Dada, anaelewa anachosema?"

"Wewe ukiamka ukasalimia watu, unaelewa nini? Mdomo unatangulia, moyo unafuata. Moyo wake unafuata polepole tu."

Siku ya mtihani Dominique aliamka na homa. Bwana Sindano alikuwa amesikia kwamba najua lugha nyingi, akaniita. Cécilia alinidaka mlangoni, amevaa kitenge chake cha Jumapili.

"Kaka, ongea na yeye Kiswahili. Kiswahili tu."

Nilimwambia asiwe na wasiwasi. Nilidhani anaona haya kwa lugha ya kijijini. Nami Kibangubangu, lugha yao, nilikuwa nimejifunza kwa wapagazi, na niliamini kwamba mgonjwa atajibu vizuri zaidi kwa lugha ya mama yake.

Zéphirin alitembea juu ya kamba bila kuyumba sana. Nilimwuliza jina lake kwa Kibangubangu. Aliinua kichwa, na kwa mara ya kwanza nikaona macho yake yakimtafuta aliyesema. Akanipa jina ambalo baadaye nilijua ni la babu yake. Bwana Sindano alitazama karatasi; jina hilo halikuwemo.

"Unatoka wapi?"

"Mbali. Mpunga umeiva, ndege wanaula."

"Na mwanamke huyu ni nani?"

Alimtazama Cécilia kwa muda mrefu, kwa upole.

"Simjui. Huja kila siku kunifundisha maneno. Ni mtu mwema. Mwambieni apumzike."

Nimeishi kwa kuvusha maneno ya watu. Kabla sijafikiri, mdomo wangu ulikuwa umeshayasema yote kwa Kifaransa. Bwana Sindano aliandika neno moja. Vidole hakuonyesha.

Nilibishana naye. Mtu anayemhurumia mgeni, nilimwambia, anayehangaikia ndege shambani, amepungukiwa na nini?

"Hamjui mkewe," alijibu.

Hilo nalo lilikuwa kweli. Mchana huo huo walimvusha kijito, akaenda nao bila kuuliza anapelekwa wapi.

Nilimkuta Cécilia amekaa chini, hata kitenge hajabadilisha.

"Amesema wewe ni mwema," nilimwambia.

"Mwema! Kaka, nimezaa naye watoto watatu."

"Laiti ungeniambia kwa nini."

"Nilikuambia Kiswahili tu. Ulitaka nini zaidi?"

"Kwani wewe hukuwahi kuongea naye kwa lugha yenu?"

"Niliongea naye, mwezi wa kwanza. Alinijibu hivyo hivyo kama leo." Alifuta pua kwa kiganja. "Ndipo nikahamia Kiswahili. Huko, angalau, nilikuwa bibi yake."

Asubuhi alikunja mkeka. Mlinzi wa kijito alikuwa amemfukuza mara mbili. Hakuniaga kwa hasira, na ningependa angekuwa na hasira.

"Wewe unabaki. Wakikupeleka ng'ambo kutafsiri, muulize Baba Raphaël kwa lugha yetu anataka kula nini. Mimi nilikuwa nakisia tu."

Akauweka mkeka kichwani, akashika njia ya Wamaza. Nilibaki mlangoni mwa kambi. Sikuthubutu kumwuliza atawaambia watoto nini.