Mbwa Aliyerukia Upande wa Kushoto

Nilisoma mpaka la saba tu na huenda nimesahau mengine, lakini siku ile hapa kwetu Nyarero naiona bado.

Mbwa wetu wa kuchunga alikuwa amemrukia mume wangu mara mbili. Mara ya pili jino lilichana mkono wa koti. Mume wangu akasema auawe kabla hajang'ata mtoto. Nisimwonee: kichaa cha mbwa kimewahi kuua watu huku. Mimi mwenyewe nilikubali. Niliomba tu aitwe kwanza bwana mifugo wa kata, ambaye tunamwita hivyo ingawa ni binti.

Alikuta wanaume wanne wamemfunga mbwa kwenye nguzo ya zizi, kamba shingoni na miguuni, kama fahali wa kuchanjwa.

"Shikamoo, tata," akamwamkia mume wangu kama baba yake. "Mfungueni miguu. Mwacheni na kamba ndefu ya shingo, halafu sogeeni wote."

"Daktari, unamwogopa?" mmoja wao akauliza. "Sisi hapa tunaangusha fahali!"

"Fahali mnataka atulie tu. Huyu nataka anionyeshe anaumwa wapi, na mlivyombana hivi ananionyesha hofu."

Wakacheka, ila walisogea. Akauliza chanjo, nikaleta kadi. Anakula? Anatujua? Nikasema ndiyo. Kunywa maji sikuwa na uhakika, nikamwambia hivyo. Kisha akakaa chini, mbali kidogo, amempa mbwa ubavu, hamtazami machoni. Akakaa kimya mpaka nikaona aibu kwa niaba yake. Nilidhani hajui kazi.

Mbwa akatulia. Akainamisha kichwa kushoto, akakikung'uta, akajikuna sikio, akalia.

"Tata, alikurukia ukitokea upande gani?"

Mume wangu akafikiri. "Kushoto kwake. Mara zote mbili."

Daktari akamfunga mbwa mdomo kwa kitambaa, taratibu, akamchoma sindano ya usingizi. Sikioni akatoa kupe waliovimba na usaha mwingi. Bado akaagiza tumfunge siku kumi tumwangalie, maana kadi peke yake haimalizi wasiwasi. Hapo ndipo nilipomheshimu zaidi: hakujifanya anajua yote.

Siku ya kumi na moja mume wangu alimfungua mwenyewe. Alimzunguka kwanza, akamjia kwa kulia.

"Haya, toka mzee," akamwambia. "Ng'ombe wameshakwenda, wewe bado umelala."

Mbwa akatoka mbio kuwafuata.