Sindano Ambayo Fidelma Alikataa Kuidunga

Fidelma, mke wa mwanangu, ndiye mfamasia wa duka letu la dawa hapa Kilvarna, mji mdogo wa Ireland. Jina lililoandikwa juu ya mlango, Considine, ni la marehemu mume wangu, kwa hiyo siku za mnada wa ng'ombe huwa nashuka dukani kumsaidia kufunga vifurushi. Fidelma hajui kutulia. Hata akihesabu vidonge, mguu wake mmoja hugonga sakafu.

Alhamisi moja ya Juni redio ilitangaza mvua ya jioni, na kila mkulima alikuwa mbioni kuyaondoa shambani majani ya kulisha ng'ombe wakati wa baridi. Tadhg Moroney aliacha trekta likinguruma mlangoni, akaingia akichechemea, damu ikivuja kutoka kwenye buti lake la mpira. Uma wa samadi ulikuwa umemchoma unyayo.

Fidelma alimkalisha, akamvua buti, akaosha kidonda. Kilikuwa kidogo kwa juu, lakini kimezama ndani.

"Chanjo ya pepopunda ulipata lini, Tadhg?"

"Si ulinidunga mwenyewe, kabla ya Krismasi?"

"Ile ilikuwa ya mafua."

"Sindano ni sindano, bibi we. Basi nidunge hiyo nyingine, upesi. Watu wananingoja shambani."

"Siruhusiwi."

Watu waliokuwa kwenye foleni walicheka. Hapa kwetu kila mtu amewahi kukunja mkono wa shati mbele ya Fidelma, kisha akakaa kwenye kiti cha dirishani kusubiri kama atazimia, huku wapita njia wakimpungia. Mafua anachanja. Korona, mkanda wa jeshi na nimonia pia. Pepopunda haimo katika ruhusa yake.

"Lakini unayo," Tadhg alisema. "Nimeliona gari likikuletea."

Ni kweli ilikuwemo kwenye friji. Ilikuwa ya Dakta Lillis, daktari wetu hapa mjini, naye hafungui Alhamisi mchana.

"Mdunge tu, mwanangu," alisema Bi Attracta Looby, mwenye duka la mikate. "Sisi hatujaona kitu."

"Mzee Lorcan angenidunga bila maneno," Tadhg akaongeza, akinitazama mimi.

Hapo nilijibu. "Mume wangu hakumdunga mtu hata mmoja maisha yake yote, Tadhg Moroney. Aliwafunga bandeji, akawatuma kwa daktari. Usimsingizie marehemu."

Lakini niliogopa pande zote mbili. Tadhg akiugua, mji mzima ungesema alifukuzwa kwenye mlango wa Considine. Fidelma akimdunga, neno lingefika kwa wenye mamlaka kabla ya chai ya jioni, na leseni yake ingepotea. Nilimwona akitazama friji. Mguu wake ulikuwa haugongi sakafu tena. Kisha akachukua simu, akampigia daktari wa zamu kule mjini Ennis.

"Anakungoja," alimwambia Tadhg.

"Ennis? Leo? Na majani bado yamelala shambani? Nitakwenda kesho."

"Kesho hutakwenda. Nakujua."

"Kama hunidungi, nipe buti langu."

Fidelma hakumpa. Alitoka nje kwa hatua za haraka, akapanda trekta, akalizima. Barabara nzima ilinyamaza ghafla. Akarudi na ufunguo mfukoni, akavua koti jeupe.

"Mama, funga mlango. Mfamasia akitoka, dawa haziuzwi."

"Siku ya mnada?"

"Siku ya mnada."

Alimwingiza Tadhg kwenye gari lake dogo, mguu umevikwa mfuko wa plastiki, akitukana mpaka kwenye kona. Niliwatoa watu, nikazungusha kitasa. Waligonga kioo. Attracta aliniuliza kwa ishara kama nimechanganyikiwa. Nilisimama wima nikapanga upya sabuni zilizokuwa zimepangwa tayari.

Mvua ilianza kabla hawajarudi. Tadhg alishuka akiwa amedungwa, akanyoosha kiganja, akachukua ufunguo wake.

"Majani yangu yote yamelowa," alisema. "Nitamwambia kila mtu."

"Waambie," Fidelma alisema. "Na kidonda kikianza kuvimba, rudi kwa daktari."

Trekta liliondoka. Fidelma alivaa koti, akafungua kopo la vidonge, akaanza kuhesabu.

"Usiniambie watasema nini, Mama."

Nilifungua mlango, nikamwita wa kwanza kwenye foleni.