Kaseti ya Mbuzi

"Mama, hivi mdogo wako, na mvi zote zile, bado anacheza gemu?" Jirani aliniuliza hivyo tukianika nguo. Nikacheka tu, maana jibu lake ni refu.

Mdogo wangu ni fundi redio. Chumba chake cha nyuma kimejaa kaseti za gemu za zamani, zile nene za plastiki zilizokuwa zikichomekwa kwenye mashine ya kuchezea kwenye televisheni. Hachezi. Anazinakili kwenye kompyuta kabla hazijafa, lakini zile tu ambazo wenye haki ya gemu wamempa ruhusa kwa maandishi. Ruhusa hizo amezitunza kwenye faili kama vyeti vya kuzaliwa.

Imebaki moja inayomnyima raha: gemu ya mbuzi anayeruka juu ya mapaa. Hajawahi kuona nyingine kama hiyo popote. Kampuni iliyoitengeneza ilinunuliwa na nyingine, na hiyo nayo ikauzwa. Ameandika barua kumi na moja kumtafuta mwenye haki. Waliojibu ni watatu, wote wanasema si yao.

"Kama hakuna anayeidai, si unakili tu?" nikamwambia. "Nani atakuja kukukamata kwa ajili ya mbuzi?"

"Dada, si wewe uliyenirudisha dukani na peremende niliyochukua bila kuuliza? Leo unanifundisha nini?"

Kweli nilimrudisha, tena nimemshika sikio. Mungu anisamehe.

Kila mwezi huiwasha kidogo, aone kama bado ni nzima. Safari hii ikagoma. Nilikuwa nafagia hapo hapo, na mikono yangu ikatangulia akili: nikaichomoa, nikaipuliza kwa nguvu kwenye meno yake ya shaba, kama tulivyofanya sote utotoni. Kuirudisha, ikawaka! Mbuzi huyo, paa kwa paa. Nikapiga vigelegele. Mwenzangu akashika kichwa.

"Dada, pumzi ina maji! Hiyo ndiyo inayozimaliza. Tumeziua sisi wenyewe tuliozipenda."

Akaisafisha kwa pamba na spiriti, polepole, kama anayeosha kidonda cha mtoto. Meno mawili yalishaliwa na kutu. Akasema itawaka mara chache tu, basi.

Nilipoaga kwenda kusali, alinisindikiza hadi mlangoni, barua ya kumi na mbili mkononi.

"Dada, niombee mwenye gemu apatikane mapema. Na tafadhali, usipulize tena."