Kabichi ya Kutoka Java

Mke wa mmisionari wetu wa Mbooni aliwahi kuishi Java, na huko walimfundisha kula majani. Kila Jumamosi alituletea sahani ya kabichi na maharagwe machanga, yamechovywa tu kwenye maji moto, juu yake mchuzi mzito wa karanga na pilipili. Mchuzi ulikuwa mtamu, sikatai. Lakini majani mabichi kwetu ni ya mbuzi, na chakula cha kuletewa hakirudishwi. Basi sisi tulilamba mchuzi, mbuzi wakala kabichi. Akiona sahani imerudi nyeupe, wiki iliyofuata anaongeza.

Alipotuaga kurudi kwao, tulimchinjia mbuzi aliyenona kuliko wote. Alikula mpaka akauliza, "Huyu mlimlisha nini?"

Nyanya yangu akamjibu, "Mapishi yako, mama."