Simu ya Lilik Kwenye Meza ya Mbak Kus

Kusmiati alikuwa na kibanda cha simu kwenye kona ya soko la Ambulu, upande wa wauza vyombo vya plastiki, na sokoni pale hapakuwa na mtu aliyemwita kwa jina lake lote. Alikuwa Mbak Kus, yaani dada Kus, hata kwa vikongwe walioweza kumzaa. Ufundi hakuusomea. Ujanani alikwenda Batam, akakaa kiwandani akipachika vidude vidogo kama chawa kwenye vibao vya simu, kisha akarudi Java na macho yaliyochoka, na mengine yote akajifundisha kwa kuharibu. Aliharibu simu ya kaka yake, akaharibu na yake mwenyewe. Ya tatu ikapona, akatundika kibao.

Sasa mnisikilize hapa, maana bila hili hamtanielewa mbele. Watu wa kule, hasa akina mama wanaochambua majani ya tumbaku kwenye maghala, mtu akinunua simu anamrushia fundi na kusema, "Mbak, niwekee kila kitu, mimi nataka iwe inaongea tu." Na simu za siku hizi haziongei mpaka ziwe na akaunti. Basi Mbak Kus akawa ndiye anayewafungulia akaunti. Mwanzoni aliwawekea paswedi ngumu, kama inavyotakiwa, lakini hazikupita siku nyingi wakarudi wamezisahau, na lawama zote juu yake. Akaona isiwe taabu: akawawekea wote kwa mtindo mmoja, mwepesi, ambao hata mtu mwenye homa angeukumbuka. Wazo hilo alijivunia kwelikweli.

Mchana mmoja, mvua ikipiga mabati hadi watu wakasemezana kwa kupaza sauti, akaingia mwanamume asiyemjua. Alivua koti la mvua, akalikung'uta nje ili asimlowanishie sakafu, akalitundika vizuri msumarini. Akajifuta mikono kabla ya kuweka simu mezani. Mtu wa adabu zake.

"Mbak, samahani kwa usumbufu. Nimeifuta yote, nikajua itafunguka. Sasa inaniuliza akaunti ya zamani."

"Uliifuta kwa vitufe vya pembeni, Mas?" Mas ni kaka, kwa adabu ya kule.

"Rafiki alinionyesha. Ilikuwa na mchoro wa kufungulia, nimejaribu mpaka imenifungia."

Mbak Kus akacheka kidogo, kama afanyavyo kwa wote. "Ndiyo kazi ya hiyo loki. Wewe unadhani umeibomoa nyumba, kumbe mlango umebaki umesimama." Akaigeuza simu mkononi, na kicheko kikamfia mdomoni. Kioo kile alikipachika mwenyewe. Kwenye pembe ya juu kulikuwa na tone la gundi alilolisahau, na aliikumbuka hata aibu ya siku alipoligundua. Ilikuwa simu ya Lilik, wa ghala la tumbaku la upande wa kusini.

Na Lilik alikuwa amepita pale wiki chache tu nyuma. Alikuja na miwani ya jua siku ya mawingu, kamshika mkono binti yake Salwa, mdomo umevimba upande mmoja. Alinunua simu iliyotumika, ya bei ya chini kabisa. "Niwekee akaunti ileile, Mbak. Picha za Salwa zote zimo mle." Mbak Kus akamuuliza ya kwanza iko wapi. "Imebaki nyumbani," akajibu, "na mwenye nyumba." Hakusema anakwenda wapi, wala Mbak Kus hakumuuliza. Alimwona tu akipanda gari la kuelekea mashariki, begi moja, mtoto mmoja.

Kwa hiyo huyu aliyekaa hapa, anajifuta matone shingoni kwa leso iliyopigwa pasi, ndiye mwenye nyumba.

"Ni ya kwako, Mas?" akauliza, ili apate muda.

"Ya mke wangu. Naitwa Darsono. Yuko kwa mama yake, anaumwa, anazililia picha zake." Akatabasamu. "Nataka kumfurahisha."

Mama yake Lilik alikwisha kufa. Mbak Kus alikwenda hata kwenye kisomo.

"Akaunti hizi zikisahaulika ndiyo basi," akasema. "Mimi naweza kuivunja hiyo loki, nikuingizie programu upya. Utaipata leoleo, nyeupe, kama imetoka dukani."

"Nyeupe siitaki."

"Itafanya kazi vizuri tu."

"Mbak hujanielewa." Sauti haikupanda hata kidogo. "Simu ninayo yangu. Hii naitaka na akaunti yake ndani. Nimeambiwa akaunti ikishaingia, unaiona na simu nyingine ya mtu huyo iko wapi, hata kama ni mbali. Ni kweli au wananidanganya?"

Ilikuwa kweli. Akaunti moja ikikaa kwenye simu mbili, simu hizo ni ndugu, na mmoja anaweza kumsaliti mwenzake kwenye ramani. Neno la siri Mbak Kus alikuwa nalo kichwani, alilitunga yeye. Kilichobaki kati ya mtu huyu na Lilik kilikuwa ulimi wake tu.

"Wanakudanganya," akasema.

Darsono akamtazama kwa upole, muda mrefu kidogo kuliko inavyopendeza. Kisha akaligeuza boksi la simu alilokuja nalo kwenye mfuko. Chini yake kulikuwa na stika ya kibanda. "Lakini ilinunuliwa hapa."

"Nauza nyingi, Mas. Siwezi kujua akaunti za watu."

Na hapo ndipo Bu Painem, yaani mama Painem, aliyeuza tempe, vile vipande vya soya vya kukaanga, kwenye kibanda cha jirani, aliyekuwa amejisogeza kukwepa mvua na sahani yake mkononi, akaona rafiki yake anajishusha mno. Alikuwa mama mwema, na mdomo wake haukuwa na breki.

"Eti hajui! Mas, usimsikilize, huyu anajifanya tu. Soko zima hili akaunti zetu kazifungua yeye! Angekuwa mwizi sote tungekuwa uchi. Hata mimi nisiyejua kusoma najua ya kwangu: jina langu na Ambulu, halafu paswedi mtoto wangu wa kwanza na mwaka niliomzaa. Akina mama wote wa hapa ndivyo tulivyo. Kula tempe basi, bado ya moto."

"Bu!" Mbak Kus alisema. Neno hilo tu, lakini lilimtoka vibaya, na mwanamume alilisikia namna lilivyotoka.

"Nini? Si nakusifia?"

Darsono alichukua tempe moja, akashukuru kwa mikono miwili kama mtoto aliyelelewa vizuri. Akaitafuna yote, akameza. Kisha akanyoosha mkono, akaichukua simu kutoka kwenye vidole vya Mbak Kus. Hakuipokonya. Aliichukua kama mtu anayepokea chenji. Akaandika polepole, kwa kidole kimoja, huku midomo ikimchezacheza kimyakimya: jina la mke wake na Ambulu, kisha jina la binti yake na mwaka aliozaliwa.

Simu ikafikiri. Halafu ikakubali, ila si kabisa. Ikaandika kwamba imepeleka swali kwenye simu nyingine ya mwenye akaunti, na inasubiri jibu lake. Ni wewe unayeingia? Ndiyo, au Hapana.

"Sasa?" akauliza Darsono.

"Tusubiri," Mbak Kus akasema, na sauti aliisikia kama ya mtu mwingine.

Kwa maana hilo nalo alikuwa amewafundisha. Wateja wake walikuwa wakiona swali hilo wanaogopa, wanabonyeza Hapana, wanajifungia nje na kurudi kwake wakilia. Akachoka. Akawa anamwambia kila mmoja anapomkabidhi simu: likija swali lolote wewe bonyeza Ndiyo, usinitafutie kazi. Alimwambia Lilik hivyohivyo, mara mbili, akicheka.

Akajisogeza kwenye kompyuta yake. "Ngoja nitafute programu ya kuiharakisha." Kompyuta ile ndiyo iliyozifungua akaunti zote, haikuulizwa maswali. Akaingia kwenye akaunti ya Lilik, akatafuta mahali pa kubadilisha paswedi, ili ombi lile life kabla ya kujibiwa. Mtandao wa siku za mvua mnaujua. Ukurasa ulifunguka nusu, ukasimama. Bu Painem alikuwa anaeleza bei ya soya. Ukurasa ukaendelea. Akaandika paswedi mpya, akaandika tena kuithibitisha.

Nyuma yake simu ikalia mlio mdogo, mzuri, ule wa kukaribisha.

"Kajibu," akasema Darsono. "Mke wangu ni mtiifu siku hizi."

Mbak Kus alibonyeza hifadhi. Duara likazunguka, likazunguka. Mwanamume alikuwa anagusa skrini mahali alipofundishwa kugusa, bila papara. Kisha akasema kwa utaratibu, kana kwamba amekumbuka jina la mtu, "Kumbe yuko Genteng. Nyuma ya soko." Muda mfupi baadaye simu ikamtupa nje, ikataka aingie upya, lakini hakujali tena. Aliizima, akaitia mfukoni.

"Unanidai nini, Mbak?"

"Hakuna."

"Aa, kazi ni kazi." Akaacha noti juu ya meza, akainyoosha kwa kiganja isipeperuke. Akavaa koti lake, akafunga vifungo vyote hadi cha shingoni, akamshukuru Bu Painem kwa tempe. Pikipiki ikawaka kwa teke la kwanza.

Bu Painem alikuwa ameshika sahani, anamtazama rafiki yake. "Kus. Nimefanya nini?"

"Nyamaza, Bu. Tafadhali nyamaza."

Namba mpya ya Lilik hakuwa nayo, lakini akaunti alikuwa nayo, na simu iliyojibu swali haitupwi nje paswedi ikibadilika. Ndani yake mlikuwa na kile kidude cha watu waliopotelewa na simu: unaifunga ukiwa mbali, unaiandikia maneno juu ya kioo, unailazimisha kulia. Akaandika: LILIK NI KUS. PIGA NAMBA HII SASA. Akaiamuru ilie kwa nguvu zote.

Simu yake mwenyewe ikaita baada ya kitambo.

"Mbak? Mbona yangu inapiga kelele? Niko kazini, bosi ananitazama."

"Lilik, ulibonyeza Ndiyo sasa hivi?"

"Si ulinifundisha?" Akacheka. Kisha kicheko kikakatika. "Kwani siyo wewe?"

"Darsono yuko njiani. Anajua Genteng, anajua nyuma ya soko. Katoka na pikipiki. Mchukue Salwa utoke."

Upande ule kulisikika cherehani, kisha mtu akicheka kwa jambo lake.

"Tulikuwa tumeanza kuzoea," akasema Lilik. "Salwa amepata shule."

"Toka, mdogo wangu. Na hiyo simu itupe. Usiizime tu, itupe."

"Picha zake zimo humo."

"Itupe."

"Mbak, mimi hapa sina pengine. Sina..." Na simu ikakatika, ama kwa mtandao, ama kwa mkono wake.

Mbak Kus hakufunga kibanda. Alikaa mbele ya kompyuta, mvua ikipungua, wauza plastiki wakikunjua maturubai. Bu Painem alikaa kando yake kwenye ndoo iliyopinduliwa, sahani ya tempe bado mkononi. Kwenye ramani kulikuwa na nukta moja ya kijani, nyuma ya soko la Genteng. Wakaitazama.

"Imesogea?" Bu Painem akauliza.

"Bado."

"Basi ameitupa. Si ndiyo maana yake? Ameitupa, ameshaondoka?"

Huenda. Au Lilik alikuwa bado amekaa kwenye kiti chake cha cherehani, simu mapajani, anazitazama picha. Nukta haikuwa na namna ya kusema. Kutoka Ambulu hadi kule, kwa pikipiki nzima na barabara iliyoanza kukauka, mtu hufika kabla ya adhana ya magharibi. Mbak Kus akaiamuru simu ile ilie tena, akaiamuru tena, na nukta ikakaa palepale.