Karani wa Mashine na Kadi Zake
Karani aliyetupimia mashamba pale Bukene, mwaka ule wa kuhamia vijijini, alibeba mashine ya kuzungusha kwa mkono, nayo ilijua kujumlisha tu. Mengine ilifundishwa na kadi zake: kadi ya shamba la mraba, ya duara, ya pembe tatu. Kila kadi aliipuliza vumbi kwanza, akaiegemeza kwenye mashine, ndipo azungushe, kidole kidogo kimenyooka kama cha bibi harusi. “Bila kadi, mama, hiki ni chuma tu,” alikuwa akisema, kwa sauti ya kwenye mimbari. Shamba langu lina pembe tatu, na kadi yake ilikuwa imepotea. Akapekua mpaka soksi. “Nitaandika halipimiki, mama.” Na lisilopimwa siku ile lilikuwa linachukuliwa na kijiji. Nikavua kitambaa changu cha kichwa, nikakikunja pembe kwa pembe. “Hii si nusu ya mraba? Pima mraba, kisha ukate katikati.” Akazungusha: ekari moja kamili. Hakunishukuru. Alitoa kadi tupu, akaandika niliyosema. Kwa jirani yangu Mwanahawa, mwenye pembe tatu kama mimi, akaitoa kadi yangu ambayo haijatimiza hata saa moja, akaipuliza vumbi. “Bila kadi, mama,” akamwambia, “hiki ni chuma tu.”